Jini akimtaja "aliyemtuma" wakati wa ruqya, kauli yake ina uzito gani?

Mtafutaji_Elimu

Assalaam alaykum warahmatullah ndugu zangu.

Nina maswali kuhusu kupagawa na ruqya (kumsomea mgonjwa Qur'an na dua ili apone). Naomba yajibiwe kwa dalili, maana kwa mazoea yameshajibiwa sana na watu wanazidi kuchanganyikiwa.

La kwanza: mgonjwa anasomewa, anapandisha, sauti inabadilika, halafu "jini" anasema ametumwa na fulani. Anayetajwa mara nyingi ni wifi, mke mwenza, shangazi au jirani. Kuanzia siku hiyo watu hawasalimiani. Je, kisheria kauli hiyo ina uzito wowote?

La pili: ruqya ya kujisomea au kumsomea mtu wa nyumbani inafanywaje hasa? Kipi kimepokewa kwa Mtume (s.a.w.) na kipi ni uzoefu wa wasomaji?

La tatu: mgonjwa anayetumia vidonge vya kifafa akiambiwa aviache kwa sababu "vinamlisha jini", ajibiwe nini?

La nne: wapo wanaosema Qur'an haikutaja popote kwamba jini humwingia mtu, hivyo mlango mzima ufungwe. Hoja yao ina nguvu kiasi gani?

---

Ustadhi_Mwinyi

Wa alaykumu ssalaam warahmatullahi wabarakatuh.

Nitaanza na la nne kwa sababu mengine yameegemea hapo. Kuwepo kwa majini hakuna khitilafu baina ya Waislamu. Sura ya 72, yenye aya 28, imeitwa kwa jina lao. Wameumbwa kwa ulimi wa moto (55:15), kabla ya mwanadamu (15:27). Wameamrishwa ibada kama sisi (51:56), wamo waliosilimu na waliopotoka (72:14), nao wanatuona tusikowaona (7:27). Kukanusha haya ni kukanusha maandiko ya wazi.

Kuingia mwilini ni suala jingine, na dalili zake ni za daraja nyingine. Aya inayotumiwa zaidi ni 2:275, inayomfananisha mla riba na mtu aliyepigwa na shetani kwa mguso. Mfasiri wa Qur'an al-Qurtubi ameichukua kuwa hoja dhidi ya wanaokanusha. Mfasiri mwingine, az-Zamakhshari, kwa mwelekeo wake wa Kimu'tazila (kundi la kale lililotanguliza akili katika itikadi), akasema aya imezungumza kwa namna Waarabu walivyozoea kudai. Al-Jubbai, naye Mu'tazila, alishika 14:22, ambapo shetani atasema Siku ya Kiyama kwamba hakuwa na mamlaka juu ya watu, aliwaita tu nao wakamwitikia. Ahlu Sunna hujibu kuwa aya hiyo inahusu kulazimishwa kukufuru na kuasi, na kwamba dhara la mwili ni mlango tofauti: Nabii Ayyub (a.s.) mwenyewe alimlalamikia Mola wake kuwa shetani amemgusa kwa taabu na adhabu (38:41). Abdullah, mwana wa Imamu Ahmad, alimwuliza babake kuhusu watu wanaosema jini haingii mwilini. Akamjibu kuwa wanasema uongo, na kwamba jini huyo huzungumza kwa ulimi wa mgonjwa.

Kwa hiyo wanavyuoni wengi wa Ahlu Sunna wanathibitisha. Ila tafadhali shikeni hili: kuthibitisha kwamba jambo linawezekana hakukupi ruhusa ya kusema ndilo lililompata huyu aliyelala mbele yako. Wasomaji wengi wanalirukia pengo hilo bila kulitazama. Ibn al-Qayyim (aliyefariki 751 H) ameandika waziwazi kuwa kifafa kiko namna mbili: kinachotokana na roho ovu, na kinachotokana na hitilafu ya mwili, ambacho ndicho wanachokizungumzia matabibu. Kama yeye katika karne ya nane ya Hijra aliona haja ya kutenganisha, sisi tuna udhuru gani?

Sasa la kwanza. Kauli ya "jini" haina uzito wowote wa ushahidi. Haimtii mtu hatiani, haihalalishi kumshuku, wala haihalalishi kumnunia.

Angalia mtoa habari ni nani. Qur'an (49:6) inatuamuru kuchunguza habari ya fasiki tunayemwona na kumjua. Hapa hatuwezi hata kuthibitisha anayesema ni nani: jini, au nafsi ya mgonjwa iliyochoka, au mtu anayeigiza. Hata tukikubali kuwa ni jini, majini hawajui ghaibu. Walimtumikia Nabii Suleiman (a.s.) naye ameshafariki, wasijue mpaka mdudu alipoila fimbo yake akaanguka (34:14). Na katika kisa cha Abu Huraira na mwizi wa chakula cha zaka, Mtume (s.a.w.) alimwambia kuhusu yule shetani kwamba "amekuambia kweli, naye ni mwongo". Ukweli ule ulikubaliwa kwa sababu Mtume aliuthibitisha. Leo nani atatuthibitishia?

Kisha tazama kauli hiyo inafanya kazi gani. Imamu Muslim, mkusanyaji wa Hadithi, amepokea kutoka kwa Jabir kuwa Ibilisi huweka kiti chake juu ya maji na kutuma vikosi vyake. Anayesogezwa karibu naye zaidi ni yule anayerudi akisema "sikumwacha mtu mpaka nikamtenganisha na mkewe". Basi jini anapotaja jina na ukoo ukavunjika, kazi yake ameimaliza, na msomaji aliyemhoji amemsaidia bila kujua.

Majina yenyewe hutoka hivi: msomaji anauliza "nani amekutuma?", mgonjwa kimya, "ni mtu wa ukoo?", kichwa kinatikisika, "ni mwanamke?", kinatikisika tena. Maswali matatu tu, na mgonjwa anayesikia kila neno ameshaongozwa hadi kwa mtu ambaye nyumba nzima ilikuwa ikimshuku. Jina geni kabisa ni nadra kutoka.

Jina likitajwa, msomaji aendelee kusoma bila kulijibu, kisha awaambie waliokuwepo kwamba ni haramu kulitoa nje. Dhana peke yake imekatazwa (49:12). Kumtangaza Muislamu kuwa mchawi ni zaidi ya dhana.

---

Ummu_Hafsa

Ustadhi amemaliza upande wake, mimi nitashika la pili.

Ibn Hajar amenukuu kuwa wanavyuoni wamekubaliana ruqya kujuzu kwa sharti tatu: iwe kwa maneno ya Allah au majina na sifa zake, iwe kwa Kiarabu au kwa lugha ambayo maana yake inaeleweka, na mtu aitakidi kuwa ruqya haiponyi kwa nguvu yake bali kwa idhini ya Allah. Msingi wake ni Hadithi ya Awf bin Malik kwa Muslim: "hakuna ubaya katika ruqya maadamu hamna shirki." Sharti la pili lichukueni kwa uzito. Msomaji anayenong'ona maneno yasiyosikika katikati ya aya mwambieni atamke wazi, na akikataa, ondokeni.

Bora kuliko yote ni mgonjwa kujisomea mwenyewe. Hakuna daraja maalumu wala ijaza (idhini ya mwalimu) inayotakiwa. Akiwa na udhu ni vizuri zaidi. Kama amevaa hirizi, ivuliwe kwanza, maana huwezi kumwomba Allah huku umetundika tegemeo jingine shingoni.

Yaliyopokewa kwa sanad (mlolongo wa wapokezi) sahihi yanatosha kabisa. Suratul Faatiha: Abu Said al-Khudri alisimulia kusomewa kwa mtu aliyeumwa na nge, na katika riwaya ya Tirmidhi imetajwa mara 7. Penye maumivu, weka mkono hapo, sema "Bismillaah" mara 3, kisha mara 7: "A'uudhu billaahi wa qudratihi min sharri maa ajidu wa uhaadhiru" (Muslim). Anayemsomea mwingine aseme dua ya Jibril: "Bismillaahi arqiika, min kulli shay-in yu'dhiika, min sharri kulli nafsin aw 'ayni haasid, Allaahu yashfiika, bismillaahi arqiika." Wakati wa kulala, kama alivyosimulia bibi Aisha, unganisha viganja, vipulizie kwa kimate chepesi, soma Ikhlas, Falaq na Naas, kisha jipanguse kuanzia kichwani na usoni hadi unapofika, mara 3. Aayatul Kursiyyu kabla ya kulala, na aya 2 za mwisho za Suratul Baqara usiku. Sura tatu hizo za mwisho zisomwe mara 3 asubuhi na mara 3 jioni.

Kuna aya ambazo wasomaji wamezizoea kwa anayehofiwa kuwa na sihri (uchawi): Baqara 102, A'raaf 117 hadi 122, Yunus 79 hadi 82, Taha 65 hadi 70. Ni Qur'an, na Qur'an yote ni shifaa (17:82), hivyo kuzisoma ni sawa. Lakini mpangilio huo haukuwekwa na Mtume kama dawa yenye dozi. Vivyo hivyo majani 7 ya mkunazi yanayopondwa, yakatiwa maji, yakasomewa, mgonjwa akanywa na kuogea: hayo yamenukuliwa kwa Wahb bin Munabbih, aliyekuja baada ya Maswahaba. Anayeyafanya kama tiba ya majaribio halaumiwi. Anayesema ni Sunna amekosea. Na masharti ya "siku 41 bila kukosa, ukikosa moja unaanza upya" hayana asili. Yanamzidishia mgonjwa wasiwasi, kisha wasiwasi wenyewe unahesabiwa kuwa dalili ya jini.

Kuhusu muda, nusu saa kwa sauti ya kawaida na tartili (kusoma taratibu) inatosha. Mambo huharibika pale mgonjwa anaposomewa saa nne mfululizo, wasomaji watatu kwa pamoja, kipaza sauti kikiwa sikioni. Mtu mzima mwenye afya akifanyiwa hivyo atapumua kwa kasi, vidole vitakakamaa, midomo itakufa ganzi, ataona kizunguzungu. Hayo yanaletwa na kupumua haraka kupita kiasi, lakini watu watapiga takbira wakisema jini anakaribia kutoka.

Maji ya kusomewa yanywewe kwa kiasi cha kawaida. Kumnywesha mtu lita kwa lita za maji ya chumvi ili "atapike sihri" ni hatari ya kweli: chumvi ikizidi katika damu, ubongo hupata degedege na mtu anaweza kufa. Wala asinyweshwe chochote akiwa hajitambui, maana kitaingia kwenye mapafu.

Kwa mwanamke: asikae faragha na msomaji, mahramu wake (ndugu wa kiume asiyeweza kuoana naye) awepo chumbani, si nje ya mlango. Msomaji asiye mahramu asimguse, hata kwa kisingizio cha "kumkamata jini mguuni". Hayo ya kufukuza jini kwa kukanda mwili hayana mlango katika dini.

Na alama za kumjua mganga aliyevaa kanzu ya ruqya: anauliza jina la mama, anataka nguo au nywele, anataka mnyama wa rangi fulani, anakutajia tatizo kabla hujasema, au anakupa karatasi iliyofungwa na kukuonya usiifungue. Imekuja Hadithi kwa Muslim kwamba anayemwendea mpiga ramli akamwuliza jambo, sala yake haikubaliwi siku 40. Anayemsadiki, hali yake ni kubwa zaidi.

---

Tabibu_Neva

Nashukuru kwa majibu haya. Naingia kwenye vidonge, na hapa sitazunguka: kumwachisha mgonjwa wa kifafa dawa ghafla kunaweza kumuua.

Dawa hizo hupunguza msisimko wa ubongo. Zikikatwa ghafla, ndani ya siku chache kinga inashuka na mishtuko inaweza kuja mfululizo bila mgonjwa kuzinduka katikati. Msomaji atasema jini amekasirika kwa sababu amebanwa. Upande wa pili, kifafa chenyewe ni ugonjwa wa vipindi. Mtu anayeanguka mara moja kwa miezi miwili akiacha dawa anaweza kukaa wiki tatu salama, na hapo itasemwa amepona. Akianguka imethibitika, asipoanguka imethibitika. Kwa njia hiyo dai halishindwi kamwe, na anayelipa gharama ni mgonjwa.

Shirika la Afya Duniani linakadiria watu wapatao milioni 50 wana kifafa, na kwamba hadi asilimia 70 wangeweza kuishi bila mishtuko wakipata matibabu sahihi. Mtume (s.a.w.) aliamrisha kutafuta dawa. Kumeza kidonge kwa Bismillahi na kusoma Faatiha havigombani hata kidogo.

Mtu akianguka: tazama saa. Ondoa vitu vigumu karibu yake, weka kitu laini chini ya kichwa, legeza nguo shingoni, na mshtuko ukipungua mlaze ubavu mate yatoke. Usimfunge wala kumkandamiza. Usimtie kijiko, kidole wala maji mdomoni. Meno yatavunjika au atapaliwa. Mshtuko ukipita dakika 5, au ukija wa pili kabla hajazinduka, au akiwa mjamzito, au ni mara yake ya kwanza, au ameanguka majini, apelekwe hospitali mara moja. Unaweza kusoma Aayatul Kursiyyu huku ukihesabu dakika.

Si kila mshtuko una povu. Mwingine huanza kwa harufu isiyokuwepo, hofu ya ghafla, kisha mtu anakodoa macho, anatafunatafuna midomo na kupapasa nguo kwa dakika moja au mbili, halafu hakumbuki. Hali hii inadhaniwa jini kirahisi sana. Ipo pia mishtuko isiyo ya kifafa, inayotokana na msongo mkubwa: macho mara nyingi yamefumbwa kwa nguvu, inachukua muda mrefu, mtu anaweza kulia katikati. Huyu haigizi, na vidonge vya kifafa havimsaidii; anahitaji tiba ya mazungumzo.

Yapo manne yasiyosubiri kisomo cha kesho. Homa kali na kuweweseka: yaweza kuwa malaria iliyopanda kichwani au homa ya uti wa mgongo. Mwenye kisukari anayetoka jasho, kuchanganyikiwa na kuwa mkali: sukari imeshuka, apewe kitu cha sukari kama anaweza kumeza. Mama aliyejifungua ndani ya wiki za karibuni, halali, anasikia sauti, anazungumza mambo ya kutisha kuhusu mtoto: asiachwe peke yake na mtoto hata dakika moja. La nne halijulikani sana: msichana aliyekuwa mzima, ndani ya wiki chache anabadilika tabia, anaona vitu, midomo na mikono inacheza yenyewe, kisha anapata mishtuko. Kuna ugonjwa ulioelezwa mwaka 2007 ambao kinga ya mwili hushambulia vipokezi vya ubongo, na kwa baadhi ya wanawake chanzo chake ni uvimbe kwenye ovari. Uvimbe ukitolewa na kinga ikatulizwa, wengi hupona. Anayeutazama bila vipimo ataapa ni jini.

Jinamizi nalipitia haraka: kuamka huwezi kusogea na kuhisi kitu kimekukalia kifuani ni akili kuzinduka kabla misuli haijaachiliwa na usingizi. Ibn Sina alilizungumzia katika tiba miaka elfu iliyopita. Kulala kwa saa za kawaida na kutolala chali hupunguza sana, na nyiradi (dhikri na dua) za kulala zinaondoa hofu yake.

---

Mtafutaji_Elimu

Allah awalipe kheri. Nimebakiwa na mawili. Wanaopiga wagonjwa hudai Ibn Taymiyya, mwalimu wa Ibn al-Qayyim, alifanya hivyo, na wanaomhoji jini humtaja yeye pia. Na kama mashetani hufungwa Ramadhani, mbona watu huanguka Ramadhani?

---

Ustadhi_Mwinyi

Ni kweli Ibn al-Qayyim amesimulia hilo kuhusu shekhe wake. Lakini kitendo cha mwanachuoni si dalili ya kisheria, na hakuna Hadithi sahihi inayoweka fimbo kuwa sehemu ya ruqya. Kilichopokewa kwa Ibn Majah ni kwamba Mtume (s.a.w.) alimpiga Uthman bin Abil-As kifuani kwa mkono na kusema "toka, adui wa Allah". Kati ya hapo na waya, viatu na kukaba shingo ni mbali mno. Kanuni ni "hakuna kudhuru wala kudhuriana". Na imekuja kwa Abu Dawud kwamba anayejitia utabibu naye hajulikani kwa utabibu, basi ni mdhamini. Maana yake mgonjwa akivunjika mbavu au kufa, msomaji anabeba dhamana ya diya (fidia), hata akiapa kuwa alikuwa akimpiga jini.

Kumhoji: Ibn Taymiyya aliruhusu kuuliza kwa njia ya kumjaribu, kama Mtume alivyomjaribu Ibn Sayyad (kijana wa Madina aliyedhaniwa kuwa Dajjali), kwa anayeweza kupambanua kweli na uongo. Lakini alikataza kumsadiki. Wanaomnukuu wanachukua nusu ya kwanza ya maneno na kuiacha ya pili.

Kuhusu Ramadhani, Abdullah alimwuliza babake swali hilohilo. Imamu Ahmad akasema Hadithi ndivyo ilivyo, wala usiingie zaidi katika hilo. Baadhi ya wanavyuoni wamefafanua kuwa wanaofungwa ni wale waasi wakubwa, kwa riwaya ya Nasai inayotaja *marada*.

---

Tabibu_Neva

Kwa mwenye kifafa, Ramadhani ina sababu za wazi: usingizi unakatika kwa ajili ya daku, na dozi ya mchana inarukwa. Yote mawili huamsha mshtuko. Aonane na daktari mwezi wa Shaabani, siyo siku ya kwanza ya funga. Dawa nyingine zinaweza kupangwa futari na daku, nyingine haziwezi, na asibadilishe saa kwa kubuni. Akiambiwa funga itamdhuru, ruhusa yake imo katika 2:184. Kidonge akimeze na maji, mchana, bila kuona haya.